Maandalizi ya Jumamosi: Berkeley, aya ya 1 hadi 33

Habarini wanakikundi. Jumamosi tunaingia kwenye udhanifu wa mwanafalsafa George Berkeley, yaani fundisho kwamba kilichopo ni akili na vile zinavyovihisi au kuviwaza tu. Tunatumia kitabu chake cha 1710 kuhusu misingi ya maarifa ya binadamu. Someni aya ya 1 hadi 33, ni fupi fupi. Kuanzia ya 34 anajibu pingamizi, hizo baadaye.

Tafadhali msije na hoja kwamba Berkeley anasema meza haipo. Hasemi hivyo. Chungulieni aya ya 35: anakiri wazi kwamba vitu tunavyoviona na kuvigusa vipo. Anachokikana ni maada, yaani kitu kisicho na fahamu kinachodaiwa kuwapo nje ya akili yoyote. Ndiyo maana kulipiga jiwe teke, kama alivyofanya mwandishi Mwingereza Samuel Johnson akidai kumpinga, hakumjibu: ugumu wa jiwe na maumivu ya mguu navyo vimehisiwa.

Nguvu yenu iwekeni kwenye aya ya 23. Anatutaka tuwaze miti bustanini bila mtu wa kuihisi, halafu anatukumbusha kwamba sisi wenyewe ndio tunaoiwaza, hivyo bado haiko nje ya akili. Isomeni mara mbili, polepole, mkitenganisha tendo la kuwaza na kile kinachowazwa. Tendo langu haliwezi kuwapo bila mimi. Je, mti nao? Naona hapo ndipo hoja inapovunjika, ila anayeweza kuitetea aje amejiandaa, nitafurahi sana kumsikia.

Kila mmoja atume swali moja humu kabla ya Ijumaa jioni, na ataje namba ya aya. Mwanafalsafa Kant na jibu lake la 1787 kwa udhanifu tumwache kwanza.