Tangi limeng'aa jana, leo samaki wanaelea

Jumatatu asubuhi simu za wateja hufanana. Jumapili tangi lilioshwa likapendeza, sasa samaki wanahema juu ya maji au wameshakufa. Wengine hudhani tuliwauzia samaki wagonjwa. Tukiuliza lilivyooshwa, tunaambiwa: maji yote yalimwagwa, changarawe na filta vikasuguliwa kwa sabuni, kisha likajazwa maji ya bomba.

Tatizo liko hapo. Samaki hutoa amonia, ambayo ni sumu kwao wenyewe. Bakteria wanaoishi kwenye sponji ya filta na kwenye changarawe huigeuza kuwa nitriti, ambayo nayo ni sumu, halafu nitrati, isiyo kali hivyo. Katika tangi jipya bakteria hao huchukua wiki kadhaa kuzaliana vya kutosha, lakini sabuni au klorini huwamaliza siku moja. Kwa hiyo ule utelezi wa kahawia kwenye sponji usiuchukie. Isuuze sponji kwenye ndoo ya maji uliyoyatoa tangini, iminye mara mbili tatu, irudishe. Na ndoo hiyo iwe ya samaki tu. Mwambie na dada wa nyumbani asije akaifulia.

Maji badilisha robo kwa wiki, yasizidi theluthi. Kabla ya kutia mkono, chomoa vifaa vyote vya umeme. Hita ichomoe mapema ipoe kwanza, maana ikibaki juu ya maji ikiwa ya moto, kioo chake hupasuka. Vuta uchafu wa chini kwa mpira, ila usiuanzishe kwa mdomo. Ukiwa na kidonda mkononi, vaa glavu.

Hapa Dar maji ya bomba huwekwa klorini. Kuyaacha siku nzima kwenye ndoo iliyo wazi huipunguza; kwenye simtank lenye mfuniko usitegemee hilo. Matone ya dawa ya kuondoa klorini ni uhakika zaidi, na si kwa sababu tunayauza. Maji ya kisima yana shida yake: mengi yana chumvi. Samaki aina ya moli huvumilia, wa aina ya neoni tetra hawawezi.

Wenye bwawa uani, adui yenu ni mpira wa kujazia uliosahauliwa usiku kucha. Bwawa lote hugeuka maji ya bomba mkiwa mmelala. Jaza ukiwa umesimama pale pale, na dawa itangulie.

Mafundi wetu huja na kipimo cha amonia, na hawasafishi filta na changarawe siku moja. Kama madhara yameshatokea, badilisha robo ya maji kwa maji yaliyotiwa dawa ya kuondoa klorini, ongeza pampu ya hewa, usiwalishe siku mbili. Dawa za magonjwa usitie kabla hatujapima.