Nimeota meno yanang'oka, nimwambie mama?

Anti shikamoo, pole na kazi. Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Tanga mjini, naomba unisaidie maana usingizi umenipaa kabisa.

Mwezi wa tatu niliota meno ya chini yanang'oka moja moja, hayaumi wala hakuna damu, nayatemea tu kiganjani kama punje za mahindi, nikashtuka usiku nikawa nayahesabu kwa ulimi. Asubuhi nikamhadithia shangazi, akanyamaza kwanza, halafu akasema meno ya juu ni wanaume wa ukoo na ya chini ni wanawake. Wiki tatu baadae bibi mzaa mama akafariki. Bibi alikuwa anakaribia miaka 90 na hainuki kitandani tangu mwaka jana, hilo nalijua, ila moyo haukubali.

Sasa juzi Jumatano nimeota tena, safari hii gego moja tu, la chini. Na mama yangu yuko Lushoto, ana presha. Tangu siku hiyo kila saa kumi na moja alfajiri nampigia, jana kaniuliza "mwanangu mbona hivi, kuna kitu unanificha?" nikajiumauma nikakata simu.

Mume wangu anasema nisimwambie mtu, Mtume (SAW) katufundisha ukiota ndoto mbaya uteme kushoto mara tatu, uombe kinga kwa Allah, ugeukie ubavu mwingine na usiihadithie, haitakudhuru. Shangazi yeye anataka mama aambiwe tutoe sadaka mapema. Halafu huyo huyo mume wangu ndo kaniambia usiku nasaga meno mpaka anaamka, na kweli naamka taya limekaza huku chini ya sikio. Nikaingia mtandaoni nikakuta kuna watafiti wa Israel walichapisha 2018 kwamba kuota meno yanadondoka kunaendana na kuamka na meno au taya zimekaza, wala hawakuona uhusiano na msongo wa mawazo. Mchana ule nilipumua yaani, usiku ulipoingia hofu ikarudi palepale.

Sasa Anti nianzie wapi, kwa daktari wa meno au nitafute mtu wa ushauri nasaha? Na kesho alfajiri mama akiniuliza tena nimjibu nini?