Barua kuhusu Earl Hamner na familia yake ya milimani

Rafiki yangu mpenzi,

Salamu nyingi baada ya kimya cha muda. Natumaini wewe na wa nyumbani kwako hamjambo. Sisi huku tu wazima, tunamshukuru Mungu.

Umeniandikia kwamba unataka kuiacha ile tamthilia ya familia yenu, kwa kuwa nyumba mliyokulia haikuwa na la kuonyesha ila shida, na kwamba miaka uliyoandika michezo ya redio imekuchelewesha. Sikubaliani nawe hata kidogo, na badala ya kukubembeleza nitakueleza habari za Mmarekani Earl Hamner, ambaye kazi yake naiheshimu kuliko ya mwandishi mwingine yeyote wa televisheni.

Hamner alizaliwa mwaka 1923 katika kijiji cha Schuyler, jimboni Virginia, kifungua mimba wa watoto wanane. Kijiji kilitegemea machimbo ya mawe, na kazi hiyo ilipokwisha wakati wa mdororo mkuu wa uchumi, baba yake alilazimika kufanya kazi mji wa mbali na kurudi nyumbani mwisho wa juma tu, kwa basi na kisha kwa miguu. Mkesha mmoja wa Krismasi alichelewa kufika, na mama na watoto wakakesha wakimngoja bila kujua limempata nini. Ni tukio dogo, lisilo na adui wala hila yoyote, lakini ndilo alilolitungia riwaya mwaka 1970. Mwaka uliofuata ikawa filamu ya televisheni, na filamu hiyo ikazaa tamthilia ya The Waltons, iliyoanza kuonyeshwa na kituo cha televisheni cha CBS Septemba 1972 na kudumu misimu tisa.

Wakati huo alikuwa na umri wa miaka 49. Alikuwa amepita vitani Ulaya, akaandikia redio huko Cincinnati na New York, na alipohamia California mlango uliomfungukia haukuwa wa familia bali wa mambo ya ajabu: aliandika vipindi vinane vya The Twilight Zone, mfululizo wa televisheni wa hadithi za ajabu. Hata humo aliwaleta watu wa kwao. Katika kipindi chake cha kwanza, mzee wa milimani na mbwa wake wanakufa mawindoni, wanafika kwenye lango linalodaiwa kuwa la peponi, na mzee anakataa kuingia kwa sababu mbwa amekatazwa. Baadaye anajulishwa kwamba lango lile lilikuwa la jehanamu. Miaka ya redio haikumchelewesha, rafiki yangu. Mtu aliyezoea kumfanya msikilizaji aione nyumba kwa sauti peke yake ndiye aliyeweza kumaliza karibu kila kipindi cha The Waltons kwa kuionyesha nyumba usiku kutoka nje, huku waliomo wakitakiana usiku mwema, na msimulizi akiwa Hamner mwenyewe.

Wapo wanaosema kwamba aliupamba umaskini. Mimi naona aliuheshimu, kwa sababu watu wake hugombana, huona haya, hukosa fedha, na bado hawageuzwi kuwa vielelezo vya kuhurumiwa. Baadaye alibuni pia Falcon Crest, habari za matajiri wa mashamba ya mizabibu wanaotafunana wenyewe kwa wenyewe. Ilidumu miaka mingi, ila mimi haikunigusa vile.

Jambo ninalolifikiria zaidi ni habari ya wazee. Mwaka 1976 Ellen Corby, aliyeigiza bibi katika The Waltons, alipatwa na kiharusi. Hakutafutwa mwigizaji mwingine wa kushika nafasi yake. Alingojewa, na aliporejea mwaka 1978, akiwa hawezi tena kusema vizuri, bibi wa hadithini naye akarudi nyumbani katika hali hiyo hiyo. Mwaka huo huo Will Geer, aliyekuwa babu, alifariki dunia, na msimu uliofuata familia ikamwomboleza mbele ya watazamaji.

Katika kurasa ulizonitumia, bibi yenu anatokea mara moja tu, akipita uani na ndoo. Naomba umpe maneno, tena ya kutosha, hata kama itakubidi upunguze yale ya mjomba, kisha unitumie sehemu hiyo kabla hujagusa nyingine.

Wasalaam,
Rafiki yako akupendaye