Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti kwa Wanachama: Ndugu Zetu Wagonjwa na Mashauri ya Madai

Ndugu wanachama,

Hesabu atazisoma Mweka Hazina, na orodha ya wanachama wapya anayo Katibu. Mimi nitazungumzia jambo lililoisumbua kamati kuliko yote mwaka huu: ndugu zetu wanaoishi na maradhi ya akili wanaodai au kudaiwa mahakamani bila mtu wa kuwasimamia.

Kwenye jinai, afya ya akili hukumbukwa. Mshtakiwa akionekana hayuko sawa, mahakama huagiza achunguzwe, na wengi tunaijua njia ya kwenda Isanga, Dodoma, kwenye taasisi ya kuwapima na kuwatibu washtakiwa wenye maradhi ya akili. Kwenye madai hakuna anayeshtuka. Mtu yuko wodini, au anaogopa kila karatasi yenye mhuri. Jalada linaonyesha wito ulimfikia. Shauri linasikilizwa upande mmoja, kisha dalali wa mahakama anabisha hodi na amri ya kumtoa nyumbani. Mengi ya mashauri yaliyotufikia ni ya viwanja, nyumba na mirathi, na familia zilikuja kwetu hukumu ikiwa imeshatoka.

Inauma zaidi kwa sababu kinga ipo. Amri ya 31 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inayowalinda watoto, inawahusu pia wagonjwa hawa. Familia nyingi hudhani ni lazima mtu awe ameshatamkwa na mahakama kuwa hana akili timamu. Si lazima. Kwa kanuni ya 15 ya Amri hiyo, inatosha mahakama ichunguze na kuona kwamba ugonjwa unamzuia kulinda maslahi yake katika shauri hilo. Akiwa mdai, anafungua shauri kupitia mtu anayesimama kwa niaba yake. Akiwa mdaiwa, mahakama inamteulia msimamizi wa shauri. Asipopatikana anayefaa na aliye tayari, inaweza kumteua hata ofisa wake.

Lakini hakimu hawezi kuchunguza asichoambiwa. Ndiyo maana tunasisitiza taarifa itolewe shauri linapotajwa mara ya kwanza, pamoja na barua ya daktari. Barua inayoishia kusema "ana skizofrenia" haisaidii sana. Ieleze kama anaelewa hati ya madai, kama anaweza kufuatilia ushahidi, kama anaweza kumweleza wakili anachotaka. Wako wanachama wetu wenye ugonjwa huohuo wanaoendesha mashauri yao wenyewe, tena vizuri, na hatutaki mtu yeyote awanyang'anye nafasi hiyo. Hata Sheria ya Mikataba inakubali kwamba mtu ambaye kwa kawaida ni mgonjwa anaweza kufunga mkataba wakati akili yake imetulia.

Sasa nije kwenye suala la nani asimame. Hapa naomba mnisikilize kwa makini, maana hatari kubwa mara nyingi hutoka ndani ya nyumba. Kaka anayetaka kiwanja kiuzwe ndiye huyo huyo anayejitokeza kuwa msemaji wa dada yake. Sheria inamkataa mtu ambaye maslahi yake yanapingana na ya mgonjwa. Inamzuia pia msimamizi kuingia mapatano, au kupokea fedha zilizotokana na hukumu, bila kibali cha mahakama. Mapatano yasiyo na kibali mgonjwa anaweza kuyapinga. Mwaka huu wasaidizi wetu wa kisheria walipekua jalada moja la mirathi wakakuta hati ya mapatano imesajiliwa na kibali hakimo. Wakili aliyejitolea amewasilisha maombi ya kuyatengua. Shauri linaendelea, kwa hiyo sitasema zaidi.

Wanachama wanaoishi na maradhi haya waliitaka kamati isiwasikilize ndugu peke yao, nasi tumekubali. Tanzania iliridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu wenye Ulemavu mwaka 2009, na ibara ya 12 inataka mtu asaidiwe kufanya uamuzi wake. Kuanzia sasa msaidizi wetu hapokei shauri lililoletwa na ndugu kabla hajakaa na mwenye shauri, ikiwezekana siku aliyo na nafuu, na kuandika anachotaka kwa maneno yake mwenyewe. Kazi hii huenda polepole. Itabaki hivyo.

Suala la ukomo wa muda wa kufungua shauri nitaligusa tu. Kama mtu alikuwa tayari mgonjwa haki yake ya kudai ilipoanza, Sheria ya Ukomo inaweza kumhesabia muda tangu anapopona. Msikate tamaa kwa sababu ya miaka iliyopita kabla hamjauliza.

Tatizo letu ni uwakilishi wenyewe. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria, lakini wao si mawakili wa kusimama mahakamani. Katika Mahakama ya Mwanzo hakimu anaweza kumruhusu ndugu amwakilishe mhusika, ila mhusika mwenyewe ndiye anayeomba, na aliyezidiwa ataombaje? Mawakili wanaotusaidia hawatutozi ada. Hata hivyo nauli, nakala za jalada na gharama za kupata barua ya daktari zinatoka mifukoni mwao na mwetu.

Kwa hiyo kamati inapendekeza sehemu ya ada ya kila mwanachama itengwe kwa ajili ya mfuko wa uwakilishi, ukisimamiwa na watu watatu, na mmoja wao awe mwanachama anayeishi na maradhi ya akili. Hoja hiyo itafuata baada ya hesabu, na kura itapigwa leo.