Watunzi wa muziki wa filamu huru waitwe mapema

Mhariri, naomba nafasi kidogo niwasemee watunzi wa muziki wa filamu huru, zile zinazotengenezwa bila kampuni kubwa za filamu, hawa watu wanaonewa sana. Prodyuza anamaliza bajeti yote kwenye kamera, taa na waigizaji, muziki unakumbukwa filamu ishahaririwa na hela imeisha, halafu mtunzi anaambiwa we fanya tu utapata jina. Mbaya zaidi muongozaji ashaweka muziki wa watu wengine kushikilia nafasi, kauzoea miezi, sasa anataka kitu kilekile ndani ya wiki mbili, sa mtu atabuni nini hapo? Mwiteni tangu skripti jamani.

Mtunzi wa muziki wa filamu Clint Mansell alianzia kwenye filamu ya bajeti ndogo sana ya muongozaji Darren Aronofsky, Pi, ya 1998, na wakaendelea kufanya kazi pamoja mpaka miaka ya 2010, ndo jina linavyojengwa, kwa kuaminiana.

Kama hela hamna basi mwachieni haki za muziki wake, na ile orodha ya muziki uliotumika na dakika zake ijazwe vizuri ipelekwe kwa wanaokusanya mirabaha, yaani malipo ya mtunzi kazi yake ikitumika, maana bila hiyo filamu ikirushwa kwenye TV yeye hapati kitu.

Mpenzi wa filamu