Akirudi, Apite Barazani: Barua kwa Wanangu Mnaolea Peke Yenu

Wanangu,

Marahaba. Nimekuwa somo, yaani mshauri wa mambo ya unyumba, wa mabinti wengi hapa Tanga, na tangu mfungo uishe wawili wamenijia na swali moja: "Bibi, baba watoto amerudi. Nifanyeje?" Nawajibu nyote, hata mnaoona haya kuuliza.

Anayerudi ni mmoja, lakini amebeba mawili: ubaba kwa mtoto, na ule uanaume aliokuwa nao kwako. Msiyapokee kwa siku moja.

Mimi niliyapokea kwa siku moja. Baba wa mwanangu aliondoka mtoto ana miaka 2, akarudi ana miaka 8. Usiku uleule nilimtoa mtoto kitandani, alikolala nami miaka yote ile, nikamtandikia mkeka sebuleni. Hakulia. Alfajiri nilimkuta ameshaukunja, ameukalia, amevaa sare za shule, na siku hiyo ni Jumapili. Nikamuuliza anakwenda wapi. Akasema hajui. Yule bwana alikaa kwetu miezi minne, akaondoka tena. Mwanangu leo ana watoto wake, na mpaka sasa sijathubutu kumuuliza aliwaza nini usiku ule.

Basi ubaba uanze, na uende peke yake kwa muda mrefu. Mtoto ana haki ya kumjua babake, msimnyime kwa hasira zenu. Na matunzo si hisani: Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 imeyafanya kuwa wajibu wa mzazi. Kwa hiyo ada na daftari si malipo ya kuingia chumbani kwako. Akikwambia atatoa mkirudiana tu, nenda kwa afisa ustawi wa jamii, usione aibu. Shauri la matunzo hufika hata mahakamani. Wala usimtume mtoto, "kamuulize baba yako ana mpango gani na mimi." Ushenga ni kazi ya watu wazima.

La pili ni lako, na hapo wengi mnadanganywa kwa neno "mke wangu." Kwetu Waislamu, aliyetoa talaka rejea anaweza kumrejea mkewe ndani ya eda, yaani muda wa kungoja: twahara tatu (vipindi vitatu vya usafi baina ya hedhi), au mpaka ajifungue kama ni mjamzito. Eda ikiisha, ni posa upya, mahari upya, ndoa upya. Aliyekuacha kwa talaka hiyo miaka mitano iliyopita akaja na begi lake ni mchumba kama wachumba wengine. Alete wazee. Kama aliondoka bila talaka, wazee ndio wanahitajika zaidi, waulize mbele yako alikuwa wapi na nani alimlisha mtoto. Na kabla ya lolote, nendeni wote wawili kituo cha afya mkapime. Anayekataa kupima amekwishakujibu.

Sisemi msirudiane. Nimewaona waliorudiana wakazeeka pamoja, na nimefurahi nao.

Ila siku ya kwanza mpokee barazani, mchana, mtoto ameshakula na ameshaambiwa ni nani anakuja. Kitanda cha mtoto kisiguswe. Jua likianza kuzama, msindikize mgeni wako mpaka njiani, mtoto akiona, kisha rudini ndani mfunge mlango.

Bibi yenu,
Tanga