Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Kwa Nini Tulianza na Hati Kabla ya Hisia

Ndugu wanachama,

Salaam. Hesabu mtazisikia kwa mweka hazina, na orodha ya vitabu vilivyo kabatini katibu ameshaituma. Mimi nitajikita kwenye lile lililozua kelele: kwa nini kamati ya chama chetu cha kusoma iliupangua katikati ya mwaka mpango wa vitabu juu ya rangi na ubaguzi Marekani, mwandishi Robin DiAngelo akarudishwa nyuma na mwenzake Richard Rothstein akasogezwa mbele.

Sababu ni kwamba vitabu vilivyogombewa madukani baada ya George Floyd kuuawa hapa Minneapolis tarehe 25 Mei 2020, vingi vyake vinazungumza na msomaji mzungu. White Fragility cha DiAngelo, kilichotoka 2018, kinamweleza Mzungu kwa nini hukasirika, hulia au hununa anapoguswa suala la rangi. Me and White Supremacy cha Layla Saad, mwandishi mwenye asili ya Afrika Mashariki anayeishi Qatar, kilianzia Instagram mwaka 2018 na kuchapishwa 2020. Ni kitabu cha mazoezi ya siku 28, kila siku na maswali yake ya kujibu kwa maandishi. Ni kazi nzuri, lakini maswali yenyewe anaulizwa mwenye kunufaika na weupe, yaani kule kuhesabiwa Mzungu. Asiye nao akikifungua, hana pa kuanzia kuandika. Ndipo kikao kinapogeuka kijiwe: huyu anamsema msimamizi wake wa kazini, yule jirani yake, muda unakwisha na kitabu bado kimefungwa. Kuteta kuna raha yake, sikatai, ila hakuhitaji chama wala kadi ya maktaba.

Kwa hiyo tulitanguliza vitabu vinavyoonyesha weupe ukitengenezwa kwa sheria, hukumu na mikopo. White by Law cha Ian Haney López (1996) ndicho kilichochangamsha watu kuliko vyote. Sheria ya uraia ya Marekani ya 1790 ilimruhusu kupewa uraia mtu mweupe aliye huru tu. Mwaka 1870 wakaongezwa wenye asili ya Afrika, na masharti ya rangi hayakufutwa hadi 1952. Katikati hapo watu walikwenda mahakamani kudai kwamba nao ni weupe. Mwaka 1922 Mahakama Kuu ya Marekani ilimkatalia Takao Ozawa, Mjapani, ikisema mweupe ni mtu wa jamii ya Kaukasia, jina ambalo wataalamu wa siku zile waliwapa Wazungu na watu waliodhaniwa kuwa wa nasaba moja nao. Miezi mitatu baadaye, 1923, alifika Bhagat Singh Thind kutoka Punjab, ambaye wataalamu wa siku zile walimhesabu kuwa Mkaukasia. Mahakama ile ile, kwa kalamu ya jaji yule yule, Sutherland, ikasema mambo ya wataalamu yawekwe kando, kinachoangaliwa ni mtu wa kawaida anaelewa nini akisikia "mweupe". Waarabu nao waliyumbishwa: mwaka 1942 mahakama ya Michigan ilimkatalia Ahmed Hassan wa Yemen, na 1944 mahakama ya Massachusetts ikamkubali Mohamed Mohriez. Wenzetu wa pwani wenye asili ya Hadhramaut waling'ang'ania kurasa hizo, na walikuwa na haki ya kufanya hivyo.

Kisha tukaingia kwenye suala la nyumba, ambako wanachama wengi wana mikopo inayoendelea. Hoja ya Rothstein katika The Color of Law (2017) ni kwamba mitaa haikugawanyika kwa rangi kwa bahati tu; serikali ilishika usukani. Shirika la shirikisho lililoanzishwa 1934 kudhamini mikopo ya nyumba lilikwepa mitaa ya Weusi, na likadhamini wajenzi wa mitaa mipya kwa sharti kwamba wasiwauzie Weusi. Ukitaka namba moja ya kukaa kichwani, ichukue kwa mwanahistoria Ira Katznelson. Katika miji 13 ya Mississippi mwaka 1947, mikopo 3,229 ilidhaminiwa chini ya sheria ya 1944 ya kuwasaidia wanajeshi waliorudi vitani. Iliyokwenda kwa wanajeshi Weusi ni miwili.

Kosa lililojirudia kila kundi ni kuchanganya ramani nyekundu na sharti la rangi kwenye hati. Ramani zilichorwa na shirika la serikali katika miaka ya 1930, mitaa ikapangwa kwa madaraja manne: kijani, buluu, njano, na nyekundu kwa ile iliyoonekana hatari kukopesha. Sharti la rangi ni mkataba wa watu binafsi, umeandikwa ndani ya hati ya kiwanja na unamfuata kila mnunuzi. Hapa Minneapolis masharti hayo yalianza 1910. Moja la mwaka huo linasema kiwanja kisiuzwe, kisiwekwe rehani wala kisipangishwe kwa mtu mwenye damu au asili ya Kichina, Kijapani, Kimoor (watu wa Afrika Kaskazini), Kituruki, Kinegro, Kimongolia au Kiafrika. Mwaka 1948 Mahakama Kuu ilizuia mahakama zisiyatekeleze. Minnesota ikapiga marufuku mapya 1953, na sheria ya shirikisho ya 1968 ikaharamisha ubaguzi wenyewe wa makazi. Maandishi lakini yamebaki kwenye hati.

Mwenye nyumba anayetaka kujua ya kwake aanze na karatasi ya kodi ya nyumba, achukue maelezo ya kisheria ya kiwanja: namba ya kiwanja, kitalu na jina la mradi wa upimaji. Anwani ya mtaa haitoshi. Kisha atafute kwenye ramani ya Mapping Prejudice, mradi wa Chuo Kikuu cha Minnesota unaotafuta masharti haya kwenye hati za zamani, achukue namba ya hati, aombe nakala kwa msajili wa ardhi wa kaunti. Wengi wanakwama kwa sababu wanasoma hati waliyopewa siku ya kununua. Sharti huwa kwenye hati ya kwanza kabisa, ya mgawa viwanja. Na kutoonekana kwenye ramani si uthibitisho kwamba halipo, maana kompyuta iliyosoma hati inaweza kuruka karatasi iliyofifia. Tangu 2019 sheria ya jimbo inamruhusu mwenye nyumba kusajili fomu ya kulikana sharti hilo. Halifutwi, fomu inaongezwa juu yake, na historia inabaki kusomeka. Kamati inaona ni bora hivyo.

Orodha ya Peggy McIntosh ya 1988, yenye mambo 46 ambayo yeye kama Mzungu huyapata bila kuyatolea jasho, tuliisoma kwa kikao kimoja. Isitumiwe kuwapanga watu mstari na kuwaambia wapige hatua mbele au nyuma: wageni Waafrika wanaishia kuwa somo kwa wengine. Mwandishi mwenyewe alijilinganisha na wenzake Weusi wa mahali pake pa kazi, hakudai kuwapimia Wazungu wote. Tulichofanya ni kila mtu kuandika orodha yake kwa mahali pake, mwenye karatasi za uraia na asiye nazo, mwenye lafudhi na asiye nayo.

Malalamiko kwamba tunasoma ubaguzi wa Marekani na kuusahau wa kwetu yamefika. Kamati inapendekeza Unsettled cha Janet McIntosh (2016), utafiti juu ya Wazungu wa Kenya na jinsi wanavyojieleza kuhusu ardhi, watumishi na kuwa wenyeji. Kisomwe sambamba na The Souls of White Folk cha Brett Shadle (2015), kuhusu walowezi wa miaka ya mwanzo. Jina hilo Shadle amelichukua kwa W.E.B. Du Bois, mwanazuoni Mweusi wa Marekani, aliyeandika insha yenye jina hilo katika kitabu chake Darkwater, 1920. Insha ni fupi, ianze yenyewe.

Mpango wa mwaka ujao: Du Bois kwanza, halafu Shadle, Janet McIntosh na kitabu chake juu ya Kenya, na Saad mwisho, kwa watakaopenda. Kurasa zisizidi 60 kwa kikao, kundi lisizidi watu 10, na kila msemaji ataje ukurasa kabla ya kutoa maoni. Majina ya waongoza vikundi yapelekwe kwa katibu kabla ya mkutano mkuu. Wenye nakala za The Color of Law wazirudishe, kundi la pili linazisubiri.

Mwenyekiti